UZI: Lango la Ishtar la Berlin si lango lote. Malango ya Babeli na Ninawi yalivyojengwa, yalivyofukiwa na yalivyosalimika

UdongoMfinyanzi (mleta mada)

Wakuu, salaam.

Kuna picha inazunguka kwenye magrupu, bila shaka mmeshaiona: ukuta wa buluu unaong'aa, umejaa mafahali na majoka, na chini yake mstari mmoja tu, "Lango la Babeli, liko Ujerumani". Kila ikipita, nusu ya watu wanamlaumu mzungu, nusu nyingine wanahubiri juu ya Nebukadreza kula majani. Kuuliza lile la Berlin ni kitu gani hasa, hakuna anayeuliza.

Msimamo wangu nauweka mapema ili anayetaka kunipinga ajue pa kuanzia. Kuta za asili za Lango la Ishtar bado zimesimama Babeli, Iraq, na zimesimama kwa sababu mfalme aliyezijenga alizifukia mwenyewe. Lile la Berlin ni sehemu ya juu, iliyounganishwa upya kutokana na vipande, na matofali mengi ya buluu yasiyo na wanyama yalitengenezwa Berlin kwenye karne ya 20. Tena ni lango dogo la mbele tu. Lango la Ishtar lilikuwa malango mawili, moja nyuma ya jingine, kwa sababu ukuta wa mji ulikuwa wa safu mbili. Lile kubwa la nyuma lisingeenea ndani ya jumba la makumbusho la Pergamon, Berlin.

Tuanze na mwenye nyumba. Nebukadreza wa Pili alitawala Babeli kuanzia mwaka 604 hadi 562 KK. Mji wa ndani ulikuwa na malango manane makubwa, kila moja na mungu wake: Ishtar, Marduku, Shamashi, Adadi, Enlili, Urashi, Zababa, na Lango la Mfalme. Yalikuwa pia na majina ya sherehe, mengine ni vitisho vitupu. La Ishtar lilimaanisha kwamba Ishtar humwangusha anayelishambulia. La Adadi lilikuwa dua: Adadi alinde uhai wa majeshi.

Kupitia Lango la Ishtar ilipita barabara ya maandamano, kaskazini hadi hekaluni. Nje ya lango, barabara hiyo ilibanwa na kuta ndefu pande zote mbili kwa zaidi ya mita 200, na kwenye kuta hizo walitembea simba wa rangi. Robert Koldewey, Mjerumani aliyechimba Babeli kuanzia 1899 hadi 1917, alikadiria simba 120, yaani 60 kila upande. Wote wamekutumbulia macho wewe unayeingia. Balozi aliyetoka mbali na mzigo wake wa kodi alikuwa ameshanywea kabla hajafika mlangoni.

Sasa kiini. Mfalme huyu aliinua barabara ile, akainua tena. Ikulu ilikuwa ikipandishwa juu na maji ya Frati yalikuwa hayaishi kusumbua, kwa hiyo barabara nayo ikapanda. Barabara ikipanda, lango linabaki bondeni. Haya si makisio yetu, yamo kwenye maandishi yake mwenyewe: anasema milango ilikuwa imekuwa mifupi kwa sababu barabara imeinuliwa, ndipo akayabomoa malango, akachimba msingi hadi kufikia maji, akaujenga kwa lami na matofali ya kuchoma, na juu akaweka matofali ya buluu yenye mafahali na majoka, dari za mierezi, na milango ya mierezi iliyovikwa shaba. Na sababu anaitaja bila aibu: watu watazame na kustaajabu.

Koldewey aliposhuka kwenye shimo alikuta hatua tatu. Chini kabisa, kuta zenye mafahali na majoka yaliyotuna kutoka kwenye tofali, bila rangi yoyote, rangi ya udongo tu. Juu yake, matofali ya rangi lakini bapa. Juu zaidi, wanyama waliotuna na wenye rangi, hao ndio wa Berlin. Ile ya chini ilikuwa imefukiwa kwa kifusi zamani hizo hizo. Yeye aliikuta imesimama karibu mita 12 kwenda juu, kila joka mahali pake.

Ya juu yalipotelea wapi? Yaliliwa. Kwa karne nyingi Babeli ilikuwa kiwanda cha matofali cha bure. Mji wa jirani wa Hilla umejengwa kwa matofali yake. Kilichokuwa juu ya ardhi kilibebwa kwa punda, kilichofukiwa hakikuonekana.

Naendelea baadaye, kuna mambo ya ujenzi yenyewe. Karibuni.

PopoWaMchana

Niko siti ya mbele mkuu. Ila Herodoto alisema Babeli ilikuwa na malango 100 ya shaba, wewe unatupa manane. Hayo mengine 92 umeweka wapi?

UdongoMfinyanzi

PopoWaMchana, muulize Herodoto. Mzee yule alipewa hadithi akazipokea zote. Wachimbaji na maandishi ya Wababeli wenyewe wanakubaliana kwenye manane ya mji wa ndani. Ukuta wa ndani zaidi, uliokuwa ukiitwa Imgur-Enlili, ulikuwa na unene wa karibu mita 6 na nusu, na hapo hujahesabu ule wa pili wala handaki la maji. Kweli yenyewe inatosha, haihitaji chumvi.

FundiMwashi

Mleta mada nimekuelewa, ila mimi ni mtu wa tofali, nataka kazi. Hizo buluu zilifanywaje? Kufyatua tofali lenye kipande cha mgongo wa ng'ombe, ulichome, na likitoka tanurini likae sawa na wenzake, hiyo sio kazi ya mchezo. Tofali hunywea likikauka na hunywea tena likichomwa. Ukikosea kidogo ng'ombe anatoka na shingo imepinda.

UdongoMfinyanzi

FundiMwashi, hili ndilo swali nililokuwa nalisubiri.

Tofali la kawaida la Babeli lilikuwa la mraba, kama sentimita 33 kwa 33, unene wa sentimita 8 hivi. Kusini mwa Iraq hakuna mawe. Kuna udongo, matete, na lami inayobubujika yenyewe huko Hit, juu ya mto Frati. Kwa hiyo tofali lilifanya kila kitu. La kukausha juani lilijaza moyo wa ukuta, la kuchoma likawekwa usoni na penye maji. Lami ilishika nafasi ya udongo wa kujengea, na kila baada ya safu kadhaa waliweka mikeka ya matete.

Wanyama walifyatuliwa kwa kalibu. Joka moja liligawanyika kwenye matofali mengi katika safu kadhaa, na kwa sababu kalibu ni zile zile, kila tofali la jicho lilifanana na jingine la jicho. Tofali lilichomwa mara ya kwanza. Kisha wakachora mipaka ya rangi, wakajaza kila sehemu unga wa kioo uliochanganywa na madini, wakarudisha tanurini. Buluu ilitokana na kobalti na shaba. Njano ni risasi pamoja na antimoni. Hata nyeupe ilihitaji antimoni.

Na kuhusu kulipanga, sikia hii. Juu ya tofali, upande utakaofunikwa na tofali linalofuata, mafundi waliweka alama kwa rangi ile ile: vistari, nukta, ishara ndogo. Alama za safu na alama za nafasi ndani ya safu. Fundi wa ukutani hakuhitaji kujua joka linafananaje, alihitaji kusoma alama. Miaka 2,500 baadaye Walter Andrae na wenzake huko Berlin wakatumia alama hizo hizo kukusanya vipande vilivyofika vikiwa vimepasuka pasuka, baada ya kuviloweka majini ili kutoa chumvi. Hakuna mkuu wa mradi aliyewahi kuacha maelekezo mazuri kuliko yale, na hakuyaacha kwa ajili yetu.

FundiMwashi

Dah. Alama upande wa juu wa tofali, zinazofunikwa na kazi yenyewe. Hao walikuwa mafundi. Sisi huku ukimwambia kijana apange vigae kwa namba anakuona unamdharau.

MamaWawili

Shukrani kwa uzi. Naomba kuuliza kwa upande wa Biblia. Katika Danieli mfalme anatembea juu ya nyumba yake na kujisifu kwamba Babeli mkuu ameujenga yeye kwa uwezo wake. Je, huko kuna ushahidi wowote wa kujisifu huko, au ni mafundisho tu?

UdongoMfinyanzi

Mama, ushahidi upo kwa maelfu, na umegongwa mhuri. Matofali ya Babeli yana jina lake: Nebukadreza, mfalme wa Babeli, mtunzaji wa Esagila na Ezida, mwana wa kwanza wa Nabopolasari mfalme wa Babeli. Esagila ni hekalu la Marduku pale Babeli, Ezida ni la Nabu huko Borsipa. Ukienda Iraq leo utayakuta hata kwenye kuta za nyumba za kawaida. Hata mawe ya kutandaza barabara ya maandamano, ubavuni yalikuwa na maandishi yake.

Lakini mfalme huyo huyo, kwenye sikukuu ya mwaka mpya, Akitu, mwezi wa Nisani, alikuwa anaingia hekaluni peke yake. Kuhani mkuu anamvua fimbo ya enzi na taji, anamzaba kofi shavuni, anamvuta masikio, na kumpigisha magoti mbele ya Marduku aape kwamba hakuuharibu mji wala hakuwadharau watu wake. Kisha anarudishiwa vitu vyake na kuzabwa tena. Machozi yakitoka, mungu ameridhika. Nakala tulizonazo za utaratibu huu ni za baada ya enzi ya Nebukadreza, ila sherehe yenyewe ni ya kale sana. Baada ya hapo ndipo sanamu ya Marduku ilitolewa, ikapitishwa kwenye ile barabara ya simba na kutoka kwa Lango la Ishtar kwenda nyumba ya Akitu nje ya mji, na kurudi. Kwa hiyo lango lile lilikuwa jukwaa la siku moja kubwa kwa mwaka. Siku nyingine zilikuwa mazoezi.

Nabonido, mfalme wa mwisho, alikwenda kukaa jangwani Tema miaka kama 10, na sikukuu haikufanyika kwa sababu mfalme hayupo. Watu wa Babeli hawakumsahaulia hilo. Mwaka 539 KK jeshi la Koreshi Mwajemi likaingia mjini bila vita. Majoka yote yale, mafahali yote yale, handaki, ukuta wa mita 6 na nusu, na watu wakaingia kwa miguu.

MamaWawili

Asante mwanangu. Na lile la wazee kukaa langoni kuamua kesi, kama Boazi kwenye Ruthu?

UdongoMfinyanzi

Hilo lilikuwa la eneo zima, mama, si Israeli peke yao. Langoni ndipo kila mtu anapita, kwa hiyo shahidi hakosekani. Mikataba, madeni, soko, habari, vyote vilikuwa hapo. Kwenye miji ya Babeli ya zamani, hata mtaa na baraza lake ulitajwa kwa jina linalotokana na lango.

KitabuChaBabu

Kwetu Waislamu Babil imetajwa kwenye Surat al-Baqara, Harut na Marut. Nimeongeza tu. Endelea mkuu, nasoma kimya kimya.

FundiMwashi

Kabla hujahama, mlango wenyewe. Ubao wa mwerezi wa mita sita umevikwa shaba, uzito wake ni wa kutisha. Bawaba gani inabeba hiyo?

UdongoMfinyanzi

Hakuna bawaba. Kila ubao ulifungwa kwenye nguzo nene ya mti, na nguzo ndiyo iliyozunguka. Mguu wake ulivikwa shaba na kukaa kwenye jiwe lenye shimo lililozikwa chini ya sakafu, kichwa chake kikashikwa juu. Uzito wote unashuka kwenye jiwe, ukuta haubebi kitu. Wafalme waliandika majina yao kwenye mawe hayo ya kuzungukia, mahali ambapo hakuna atakayesoma ila miungu na wachimbaji.

Mfano bora wa milango hiyo hautoki Babeli bali Balawati, karibu na Mosul. Mwaka 1878 Hormuzd Rassam, mzaliwa wa Mosul, alipata pale mikanda ya shaba ya milango ya Shalmaneseri wa Tatu wa Ashuru, aliyetawala 858 hadi 824 KK. Mbao zimeoza zote, mikanda imebaki, na imepigwa picha za vita vyake: miji inateketea, watu wa Tiro wanaleta kodi kwa mashua, askari wanafika chanzo cha mto Tigri. Unasukuma mlango huku unasoma nani aliyechinjwa. Iko British Museum.

Na hapo tumeingia Ashuru, huko mambo ni mengine kwa sababu kaskazini kuna mawe.

Sargoni wa Pili alianza mji mpya mwaka 717 KK, Dur-Sharrukini, leo Khorsabad. Mji wa mfalme asiyetaka kuishi kwenye nyumba ya mtu mwingine. Malango saba, na urefu wa ukuta aliuandika: dhiraa 16,283, akisema ndiyo hesabu ya jina lake. Wataalamu wamevunja vichwa kutafuta ni hesabu gani. Kwenye malango alisimamisha lamasu, mafahali wenye mabawa na vichwa vya binadamu, wa jiwe moja. Aliyeko Chicago ana tani karibu 40. Wana miguu mitano: ukimtazama mbele amesimama wima kwa miwili, ukimpita pembeni anatembea kwa minne. Mchongaji hakutaka uone mnyama aliyekatika miguu upande wowote.

Victor Place, Mfaransa aliyechimba pale kwenye miaka ya 1850, alikuta lango moja likiwa na tao lake la matofali limesimama zima, na ukingo wa matofali ya buluu. Shehena yake kubwa ya vitu ilizamishwa karibu na Qurna mwaka 1855, mashua na vyelezo viliposhambuliwa njiani. Makasha zaidi ya 200 yako chini ya maji au tope hadi leo. Ukinihesabia hasara zote za fani hii, hiyo naiweka juu kabisa, juu hata ya vita.

Sargoni mwenyewe aliuawa vitani mwaka 705 KK, mji ukiwa bado mbichi, na mwanawe Senakeribu akauhama. Senakeribu akahamia Ninawi na kuzungusha ukuta wa kilomita 12.

PopoWaMchana

Huyu Senakeribu ndiye aliyeibomoa Babeli?

UdongoMfinyanzi

Ndiye, mwaka 689 KK, na akajisifu kwamba aligeuza maji ya mifereji juu yake. Wababeli walihesabu siku. Mwaka 612 KK Nabopolasari, baba yake Nebukadreza, pamoja na Wamedi, wakaivunja Ninawi. Kwenye Lango la Halzi wachimbaji walikuta mifupa ya watu walioangukia kwenye njia ya lango, mishale ikiwa kati yao. Lango lilikuwa limezibwa likabaki upenyo mwembamba ili kuzuia adui, na upenyo huo ndio waliofia wenyeji wakijaribu kutoka. Nikilitazama Lango la Ishtar siwezi kulitenga na Halzi. Mtoto aliyejenga lile la buluu alikulia kwenye ushindi ule.

Sasa rudini kwenye hoja ya kufukiwa, maana Ninawi inaithibitisha kuliko Babeli. Malango kadhaa ya Ninawi yalijengwa upya karne iliyopita, likiwamo Mashki, la upande wa mto. Februari 2015 kundi la Dola ya Kiislamu likasambaza video wakimtoboa uso lamasu wa Lango la Nergali kwa mashine ya kuvunjia zege. Mwaka 2016 wakaleta buldoza wakasawazisha Mashki na Adadi. Tulioangalia habari zile tulidhani ndio mwisho.

Oktoba 2022 timu ya Wairaqi na Wamarekani wa Chuo Kikuu cha Pennsylvania, wakisafisha kifusi cha Mashki ili lijengwe tena, wakakuta mawe yenye michongo ya enzi za Senakeribu: wapiga mishale, mitende, mizabibu, mitini. Sehemu ya mawe iliyokuwa juu ya ardhi ilishafutika zamani. Iliyokuwa chini ya sakafu imebaki kali kama juzi. Buldoza lilipita juu yake.

Mwaka uliofuata, Khorsabad, wakamfukua lamasu wa tani 18 aliyekuwa amefukuliwa mara ya kwanza miaka ya 1990. Kichwa hana, kwa sababu wezi walikikata miaka hiyo, kikapatikana, kiko makumbusho ya Baghdad. Mwili ulikuwa salama kwa sababu wanakijiji walimfukia tena kabla ya kukimbia mwaka 2014.

Mlindi

Mleta mada umezunguka vizuri sana lakini umekwepa suala la Berlin. Sisi watu wa Lindi tuna jambo na Berlin. Mifupa ya dinosaria ya Tendaguru ilichimbwa kwetu 1909 hadi 1913, zaidi ya tani 200, ikabebwa vichwani na wapagazi hadi bandarini, na yule mjusi mrefu amesimama kwenye makumbusho yao tangu 1937. Miaka hiyo hiyo Koldewey alikuwa Babeli. Dola moja, mji mmoja, mtindo mmoja. Kwa nini tusiite jina lake?

UdongoMfinyanzi

Mlindi, sikwepi. Ulinganisho wako ni wa haki na watu wa Berlin wenyewe wanaujua. Tofauti iko kwenye karatasi. Lindi ilikuwa koloni, mwenye nyumba hakuulizwa. Babeli ilikuwa chini ya Waosmani, na kulikuwa na vibali vya kuchimba na kugawana. Makasha mengi yalikwama Iraq wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, yakaondoka miaka ya 1920 kwa makubaliano na mamlaka za Iraq wakati Mwingereza ndiye anayeshika usukani. Mamia ya makasha. Andrae akajenga, na mwaka 1930 ukumbi ukafunguliwa. Je, makubaliano yaliyofanywa Mwingereza akiwa mezani ni ya Wairaqi? Mimi nasema si yao, na serikali ya Iraq imeshadai lirudishwe. Ila nasema pia kitu ambacho kitakuudhi: kilichorudishwa kitakuwa vipande vya asili vilivyoshikamana na matofali ya Berlin, ndani ya ukumbi wa Berlin. Kulitenganisha ni kulivunja mara ya pili.

Mimi ningekuwa Mwiraqi, pesa na makelele yangu yangeenda kwanza kwenye zile kuta za Babeli.

Mlindi

Nimekuelewa ila sijakubali. Vipande vya asili ni vya asili. Wavitenge, matofali yao ya karne ya 20 wabaki nayo wayawekee kibao. Na hao simba waliotawanyika Paris, Istanbul, New York, Chicago, nao vipi? Hao hawajashikamana na ukumbi wowote.

UdongoMfinyanzi

Kwa simba umenishinda, sina la kujibu. Simba mmoja kwenye fremu anasafirishika kesho asubuhi.

KitabuChaBabu

Hizo kuta za Babeli zina hali gani sasa hivi?

UdongoMfinyanzi

Zina maadui watatu. Wa kwanza ni maji. Msingi uliochimbwa hadi kufikia maji sasa unafyonza maji hayo yenye chumvi, tofali linakauka, chumvi inatoka na ngozi ya joka inamung'unyuka. Wataalamu wa Iraq pamoja na World Monuments Fund wamekuwa wakilishughulikia hilo kwa miaka.

Wa pili ni wajenzi. Miaka ya 1980 Saddam Hussein alijenga upya ikulu ya kusini juu ya kuta za kale, akagonga jina lake kwenye matofali kumwiga Nebukadreza, na akajijengea kasri juu ya kilima cha kubandika kinachotazama magofu. Babeli ilikosa kuandikwa kwenye Urithi wa Dunia wa UNESCO hadi 2019, na ujenzi ule ni mojawapo ya sababu zilizotajwa.

Wa tatu ni majeshi. Mwaka 2003 na 2004 kulikuwa na kambi ya Wamarekani, kisha Wapoland, ndani ya eneo lenyewe. Ripoti ya John Curtis wa British Museum ilitaja mawe ya barabara ya maandamano yaliyopasuliwa na magari mazito, mahandaki yaliyochimbwa kwenye tabaka za kale, magunia yaliyojazwa udongo wenye vigae vya kale, na michongo 9 ya majoka kwenye Lango la Ishtar iliyoharibiwa na watu waliojaribu kuchomoa matofali.

PopoWaMchana

Kwa hiyo mtu akitaka kuona aende wapi? Mimi nina ndugu yuko Berlin, nilikuwa nishaanza kumwomba picha.

UdongoMfinyanzi

Mwambie asisumbuke. Jumba la Pergamon lilifungwa lote Oktoba 2023 kwa ukarabati, na upande wenye lango umepangiwa 2037. Malamasu wa Khorsabad wako Louvre, milango ya Balawati iko London. Babeli yenyewe mlangoni utakutana na lango la buluu linalong'aa, watu wanapiga nalo picha. Hilo ni mfano uliojengwa karne iliyopita, nusu ya ukubwa. Lipite. Endelea ndani hadi kwenye shimo lenye kuta zisizo na rangi.